Mjumbe au Mkombozi? Maneno ya Jukwaani na Kalamu Zetu

Ndugu msomaji, kuna mtihani mdogo ambao kila mwandishi chipukizi anaweza kuufanya akiwa nyumbani kwake. Chukua shairi lolote la kumsifu mwanasiasa, lile la wakati wa kampeni. Futa jina la msifiwa. Weka jina la mwingine, hata wa chama kingine, hata wa nchi jirani, mradi mizani isipotee. Soma tena kwa sauti. Kama shairi bado limetulia, vina viko palepale na hakuna neno lililoshtuka, basi mtunzi hakumwandika mtu yeyote. Alichotuletea ni fomu ya kujaza, kama zile za ofisi ya kata.

Fomu hizo tunazo nyingi mno. Mkombozi ametokea, wanyonge wamefutwa machozi, mafisi wametimua mbio, jua limechomoza. Jua hilo lilichomoza 1995, likachomoza tena 2005, likachomoza 2015, na kila mara washairi tulilipokea kama vile hatujawahi kuliona. Wapo wanaotunga kwa mapenzi ya kweli, na wapo wanaotunga kwa fulana na sahani ya pilau. Hao wa pili siwacheki, maana njaa haina vina. Linaloniuma ni jingine. Fasihi ya Kiswahili ilikwisha kulijadili jambo hili la mkombozi, tena kwa ustadi mkubwa, na sisi tunaandika kana kwamba vitabu hivyo havijachapwa. Na historia ya hapa hapa Meru inatupa kipimo cha kuwapimia hawa wanaosema kwa jina letu, lakini kipimo chenyewe tumekiacha kwa wazee.

Majina matatu

Kwanza tuelewane juu ya siasa ninazozisema. Ni zile za mtu kupanda jukwaani na kutamka, kwa maneno haya au mengine, kwamba wapo watu wema, nao ni ninyi. Wapo wachache wabaya wanaowala. Na mimi ndiye pekee ninayewajua ninyi na kuwajua wao. Wasomi wana istilahi zao kwa jambo hili. Kijiweni tunasema tu, "Jamaa anajua kuongea na watu."

Siasa hizo hazikuzaliwa kwetu. Oktoba 17, 1945, wafanyakazi walijaa katikati ya Buenos Aires, Argentina, kudai Juan Perón aachiwe kutoka kizuizini. Wakubwa wakawaita kwa dharau "wasio na mashati". Perón akaliokota tusi lile akaligeuza cheo, na kwa miaka mingi "wasio na mashati" likawa jina la fahari. Mwaka 2022 William Ruto aliwaendea Wakenya kwa jina la "hasla", yaani mtu wa kuhangaika, wa kubangaiza, na alama ya chama chake cha UDA ikawa wilibaro. Kati ya Buenos Aires na Nairobi ni bahari na miaka 77, lakini kanuni ni moja. Neno la kudharauliwa linavalishwa suti, na aliyedharauliwa anajiona ameonekana.

Kwa sisi watu wa fasihi, hapa ndipo pa kutia jicho. Siasa hizi zinasimama juu ya majina matatu: jina la watu, jina la adui na jina la mwokozi. Sera inaweza kubadilika, chama kinaweza kubadilika, lakini majina hayo lazima yawepo, na kazi ya kuyatunga na kuyaimba ni kazi yetu sisi. Ndiyo maana Mwalimu Nyerere, mwaka mmoja baada ya Azimio la Arusha la Februari 5, 1967, aliwaita washairi akawaomba walieneze Azimio. Ngonjera alizozianzisha Mathias Mnyampala zikasambaa mashuleni, na watoto wa darasa la tatu wakawa wanajua mnyonyaji ni nani, kupe ni nani, na mrija unapita wapi.

Kwa haki kabisa, Azimio lilikuwa na kitu ambacho majukwaa ya baadaye yalikikosa. Liliwafunga waliolitamka. Kiongozi alikatazwa kuwa na hisa katika kampuni, kupangisha nyumba, kupokea mishahara miwili. Neno "mnyonyaji" lilikuwa na upande wa pili uliomchoma aliyelishika. Tukumbuke hilo, tutalihitaji huko mbele.

Safari ya neno "fisadi"

Baada ya kupe wakaja wengine. Mwaka 1983 Waziri Mkuu Edward Moringe Sokoine, mwana wa Monduli, aliongoza vita dhidi ya wahujumu uchumi na walanguzi. Maduka yalikuwa matupu, sukari na sabuni vilikuwa ndoto, na mtu aliyeficha bidhaa alikuwa adui anayeonekana kwa macho. Sokoine alikufa kwa ajali ya gari huko Dakawa, Morogoro, Aprili 12, 1984, na tangu hapo kila mkali anayepanda jukwaani hupimwa kwa rula yake.

Mmoja wao alikuwa Augustino Mrema. Akiwa Waziri wa Mambo ya Ndani, kisha na cheo cha Naibu Waziri Mkuu, alijulikana kwa kuwapa watu siku saba wajirekebishe. Mwaka 1995 alipoihama CCM kwenda NCCR-Mageuzi, vijana wa Dar es Salaam walilisukuma gari lake kwa mikono. Bwana wee, gari zima linatembea, injini imezimwa! Katika uchaguzi ule alipata karibu asilimia 28 ya kura za urais. Miaka michache baadaye NCCR ilikuwa imepasuka kwa ugomvi wa wakubwa wake, Mrema yuko TLP, na mwaka 2000 hakufikisha hata asilimia 10. Mwaka 2016 akateuliwa na Rais wa CCM kuwa mwenyekiti wa Bodi ya Parole. Alifariki Agosti 2022, na magazeti mengi yaliikumbuka picha ya lile gari. Hakuna aliyeuliza waliolisukuma waliishia wapi. Hiyo ni riwaya nzima, imelala pale barabarani, haina mwandishi.

Neno lenye hadithi ndefu kuliko yote ni "fisadi". Katika kamusi za zamani fisadi alikuwa zaidi mtu mpotovu wa tabia, mwasherati, mharibifu wa wake za watu. Siasa ikalipa kazi nyingine. Septemba 15, 2007, viwanja vya Mwembeyanga, Temeke, Dk. Willibrod Slaa wa CHADEMA alisoma orodha ya watu 11 walioitwa mafisadi wa nchi hii. Edward Lowassa, aliyekuwa Waziri Mkuu, alikuwamo. Februari 2008 akajiuzulu kwa kashfa ya Richmond. Kwa miaka kadhaa "fisadi" lilikuwa neno lenye meno, ukilitamka kwenye daladala watu wanageuka. Kisha Mei 30, 2015, Lowassa akajaza uwanja wa Sheikh Amri Abeid hapa Arusha akitangaza nia ya urais, na safari yake ikaitwa ya matumaini. CCM ikamkata. Julai mwaka huohuo CHADEMA ikampokea, ikamsimamisha, na akapata karibu asilimia 40 ya kura. Machi 2019 akarudi CCM.

Sisemi haya kumhukumu marehemu, aliyetuaga Februari 2024. Swali langu ni la lugha. Neno "fisadi" lilipatwa na nini mwaka 2015? Waliolinoa ndio walioliweka chini, na waliochomwa nalo ndio waliolishika. Mtunzi aliyeandika tenzi za kuwalaani mafisadi 2008 alijikuta 2015 hana pa kuzisomea. Neno lilikuwa limekodishwa, na mwenye nyumba amelichukua.

Na mwaka 2011 CCM ilikuja na wito wa "kujivua gamba", kwamba watuhumiwa wa ufisadi watoke wenyewe. Waliosoma Kezilahabi walitabasamu. Gamba la Nyoka ni jina la riwaya yake ya 1979, riwaya ya vijiji vya ujamaa na vijana wasomi waliojaa nadharia. Nyoka akivua gamba anabaki nyoka, tena aliyenawiri. Miaka 32 kabla ya mkutano wa chama, mwandishi alikuwa amekwisha kuitumia sitiari hiyo, na wanasiasa wakaichukua wakaiacha maana yake mlangoni. Hapo, ndugu mwandishi, fasihi iliitangulia siasa. Sikuhizi tunakimbia nyuma yake na vigelegele.

Kinjeketile, au neno lisilo na breki

Tukitaka kuelewa kwa nini maneno haya hutoroka, twende kwa Ebrahim Hussein. Tamthilia yake ya Kinjeketile, iliyochapishwa 1969, wengi tuliifunga siku tulipomaliza mtihani. Tuifungue upya, safari hii bila mwalimu.

Historia inasema vita vya Maji Maji vilianza kule kusini Julai 1905, na kwamba Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe alinyongwa na Wajerumani mapema Agosti mwaka huohuo, vita ikiwa bado mbichi. Hussein anafanya tofauti. Anamwacha hai mpaka mwisho. Kwa nini? Kwa maoni yangu, alitaka tumwone mtu aliyelizaa neno akilitazama neno lenyewe linavyokua, linavyoota ndevu na kumkataa baba yake.

Angalia mpangilio. Watu wanateswa katika mashamba ya pamba, na mateso ni ya kweli. Kinjeketile anaibuka majini na ujumbe wa Hongo: umoja na maji. Makabila yaliyokuwa yakichukiana yanakaa pamoja. Mpaka hapo, hakuna anayeweza kukataa kwamba neno limefanya kazi ambayo bunduki isingeifanya. Halafu Kinjeketile anaanza kulichunguza neno lake mwenyewe, anaona lina ufa, lina ahadi ya bwana mwingine badala ya uhuru. Anataka watu wasubiri, wafanye mazoezi. Nao hawasubiri. Hawamhitaji tena. Wanaye yule wa vichwani mwao, asiyesitasita. Mwishoni, akiwa mfungwa, anatakiwa akiri kwamba maji yalikuwa uongo, naye anakataa, kwa kuwa anajua neno hilo litawafaa watoto wa watoto hata kama limewaua baba zao.

Hussein hakuandika kwamba watu ni wajinga. Kosa hilo wahakiki wengi wa mjini tunalipenda, kwa kuwa linatupa nafasi ya kujiona wajanja. Alionyesha kwamba umati una akili, una sababu, una njaa, na kwamba neno moja kubwa linaweza kuibeba sababu hiyo kwenda mahali ambapo hakuna aliyechagua. Kitunda, jemadari, aliuliza maswali. Ila katika mfumo ule hapakuwa na mahali pa kuyapeleka maswali hayo, kwa sababu aliyesema na Hongo ni mtu mmoja tu.

Chukua sasa ramani hiyo uiweke juu ya Kenya. Hasla wa 2022 walikuwa na mateso ya kweli, kodi ya kweli, watoto wasio na kazi wa kweli. Neno likafanya kazi, likashinda uchaguzi. Miaka miwili baadaye kodi zilipopanda, vijana walewale walimtafutia Rais jina jipya, Zakayo, yule mtoza ushuru wa kwenye Biblia aliyepanda mti. Juni 25, 2024, wakaingia Bungeni Nairobi kupinga Muswada wa Fedha. Watu waliuawa siku ile, na kesho yake Ruto akatangaza kwamba hatautia sahihi. Neno lililowapa watu jina lilikuwa limewapa pia ulimi. Waliofundishwa kujiita hasla walikumbuka kwamba walikuwa wameahidiwa kitu.

Mnyonge na kitambulisho chake

Kwetu neno la 2015 lilikuwa "mnyonge". John Magufuli alisema yeye ni rais wa wanyonge, na jamani, tusijifanye hatukuona yaliyofanyika. Kuanzia Januari 2016 ada iliondolewa mpaka kidato cha nne. Mmachinga aliyezoea kukimbizana na mgambo alipewa kitambulisho kwa shilingi 20,000 kuanzia mwishoni mwa 2018, na mgambo akaambiwa amwache. Kwa mwenye meza ya viatu pale mjini, hicho kilikuwa kitu cha kushikika. Mhakiki anayekiruka hawezi kueleza kwa nini watu walilia Machi 2021 alipofariki.

Lakini mhakiki anayeishia hapo naye hajamaliza kazi. Mikutano ya hadhara ya vyama ilizuiwa 2016, na haikuruhusiwa tena mpaka Januari 2023. Mwaka 2018 Sheria ya Takwimu ilirekebishwa ikawa kosa kutangaza hesabu zinazopingana na za serikali, kifungu kilicholegezwa mwaka uliofuata. Na tukumbuke kisa cha Ney wa Mitego, Machi 2017. Msanii alitoa wimbo wa "Wapo", akakamatwa. Siku moja baadaye Waziri akatangaza kwamba Rais ameupenda wimbo, msanii aachiwe, na akashauriwa aongezee maovu mengine ya jamii. Vijana wakashangilia. Mimi kisa hiki kinanitisha kuliko kingeishia kwenye kukamatwa tu. Msanii aliingia ndani bila kosa lililoelezeka na akatoka bila haki iliyoelezeka. Alitoka kwa kupendwa. Na akatoka na maelekezo ya beti zijazo. Mlezi wa namna hii ni mgumu kuliko adui, maana huwezi kumkimbia huku umebeba zawadi yake.

Na kitambulisho cha mmachinga? Kati ya Oktoba na Novemba 2021, katika miji mingi, meza zikabomolewa, wenye vitambulisho wakahamishwa kwenda maeneo waliyopangiwa. Yapo maelezo ya mipango miji, nami sibishani nayo hapa. Nasema tu kwamba lile neno "mnyonge" halikuwa sheria. Lilikuwa utashi wa mtu mmoja, na mtu alipoondoka, meza ilibaki haina wa kuilinda. Wamachinga hawakuwa na chombo chao cha kusimama na kusema: hapa tulikubaliana hivi, na karatasi ni hii.

Ngarenanyuki, au namna nyingine ya kusema "sisi"

Sasa nirudi mlimani, maana kipimo nilichokiahidi kiko hapa. Ukisimama Kikatiti ukatazama juu, Ngarenanyuki iko upande wa pili wa mlima, kaskazini. Novemba 1951 serikali ya Mwingereza iliwaondoa huko kwa nguvu Wameru wapatao 3,000 ili ardhi igawanywe mashamba 13 ya ng'ombe ya Wazungu. Nyumba zilichomwa. Waliambiwa waende King'ori, jirani zetu hapa, na wengi wakakataa.

Walikuwa na kila sababu ya kumtafuta mkombozi. Walichofanya ni kumtafuta mjumbe. Walichanga fedha, wakamtuma Kirilo Japhet, na pamoja naye wakili Earle Seaton, mzaliwa wa Bermuda aliyekuwa na ofisi Moshi. Mwaka 1952 wawili hao walisimama mbele ya Umoja wa Mataifa, New York, wakaeleza kesi ya ardhi ya Meru. Ndiyo, miaka mitatu kabla ya Nyerere kusimama huko kwa niaba ya TANU. Kamati iliwaunga mkono, lakini katika Baraza Kuu lenyewe theluthi mbili ya kura haikupatikana. Kirilo akarudi mikono mitupu. Akarudi, akatoa taarifa kwa waliomtuma, kisha akazunguka Tanganyika akieleza jinsi mambo yalivyokwenda. Baadaye, 1967, yeye na Seaton wakaiandika kesi nzima kuwa kitabu.

Tazama lugha yake, wewe unayependa lugha. Kesi ile haikusimama juu ya "wanyonge" na "mafisi". Ilisimama juu ya familia ngapi, nyumba ngapi, ng'ombe wangapi, ardhi ipi, ilinunuliwa lini na kwa nani. "Sisi" ya Kirilo ilikuwa na orodha nyuma yake. Mwanakijiji wa Ngarenanyuki angeweza kumwambia: hapana bwana, ng'ombe wangu walikuwa hivi, umekosea. Nani angeweza kumwambia hivyo mtu aliye juu ya gari linalosukumwa?

Na ajabu ya mambo, mwaka ule ule wa 1951 ndio uliotoka Kusadikika ya Shaaban Robert. Karama ameshtakiwa na Majivuno kwa kufundisha elimu ya sheria, na utetezi wake ni kusimulia habari za wajumbe waliotumwa pande zote kuitafutia nchi mema, wakarudi na taarifa, wakatupwa gerezani. Shaaban Robert hakumjua Kirilo, na mjumbe wa kweli alipanda ndege mwaka mmoja baada ya kitabu. Lakini wote wawili waliona jambo moja. Shujaa wa Kusadikika hafanyi muujiza wowote. Anasimama mahakamani anaongea kwa mpangilio, hoja baada ya hoja, na anataja wenzake kwa majina yao. Ni shujaa anayeweza kukosolewa. Kwa miaka mingi wanafunzi wamelalamika kwamba Karama ni mkavu, ni hotuba tupu. Mimi nadhani ukavu huo ulikusudiwa. Shaaban Robert alikuwa anatufundisha kumpenda mtu mwenye hoja, kazi ngumu kuliko kumpenda mtu mwenye sauti.

Hapa msomaji wangu wa kijiweni atanikatiza: "Sasa mjumbe wako si alishindwa? Mkombozi angalau alitupa kitambulisho." Hoja ni nzito, siirushi pembeni. Ni kweli, 1952 ardhi haikurudi. Ila jiulize walibaki na nini. Wameru walibaki na umoja wao waliokwisha kuunda, na kumbukumbu zilizoandikwa, na mazoea ya kumtuma mtu na kumuuliza. TANU ilipozaliwa Julai 7, 1954, watu wa mlima huu walikuwa wamekwisha kujifunza maana ya kuchangia jambo la siasa kwa shilingi yao wenyewe. Wamachinga wa 2021 walibaki na plastiki yenye picha. Kushindwa kwa mjumbe kunaacha wenye kazi bado wako kazini. Kuondoka kwa mkombozi kunaacha mayatima.

Wala sisemi Wameru wana kinga. Aprili 1, 2012, katika uchaguzi mdogo wa Arumeru Mashariki, jimbo letu hili, kijana Joshua Nassari wa CHADEMA alishinda, watu wakiimba jina lake la utani, "Dogo Janja". Kilio cha mashamba makubwa na ardhi finyu kilikuwa kikubwa mno wakati ule. Mwaka 2019 akapoteza ubunge kwa kutohudhuria vikao, 2020 akahamia CCM, 2021 akawa mkuu wa wilaya ya Bunda. Ni haki yake kuhama. Lakini hiki ni kizazi cha wajukuu wa waliomtuma Kirilo, na safari hii hawakumtuma mtu. Walimshangilia.

Basi tuandike nini?

Mwandishi chipukizi atauliza: unataka tuache siasa, tuandike mapenzi na mvua? Hasha. Nataka tuiandike siasa kwa undani kuliko jukwaa linavyoiandika. Nina mambo matatu ya kupendekeza, na mhariri akipenda ayafanye kipimo cha mashairi yanayoletwa hapa.

La kwanza, tuache kuandika kutoka chini ya jukwaa tukitazama juu. Katika mashairi yetu mengi nafsi inayosema inamwambia mkombozi "wewe", na haimwambii mwenzake lolote. Geuza shingo. Mwandike aliye pembeni yako kwenye umati, aliyekuja kwa lori, aliyeacha meza yake kwa mtoto, anayehesabu saa ya mwisho ya daladala.

La pili, tusiazime majina ya adui. Ukiandika "kupe", "fisadi", "beberu", jiulize neno hilo lilitoka kwa nani mwaka huu, na kama mwakani ataligeuza utalifanya nini na ubeti wako. Mwizi mwenye jina, ofisi, meza na njia yake ya kuiba ni wa kuogofya kuliko mafisi elfu. Penina Muhando na Kezilahabi hawakutuandikia mafisi. Walituandikia watu.

La tatu, tuandike kesho yake. Fasihi ya kampeni inakufa siku ya kutangazwa matokeo, na hapo ndipo hadithi inapoanza. Nani alizifua zile fulana? Yule aliyelisukuma gari la 1995 ana umri gani sasa, na mwanawe amemshangilia nani? Mmachinga aliyehamishwa bado anakitunza kile kitambulisho, au amekitupa? Akikitunza, kwa nini?

Hilo la mwisho ningelisoma leo jioni kama mtu angelileta. Kitambulisho kina jina, kina picha, kina namba. Kililipiwa shilingi 20,000. Shairi la mkombozi halina hata kimoja kati ya hivyo.